Faragha ya Mgeni na Faragha ya Mwenyeji: Mjadala kuhusu Ziara ya Kutwa katika Handeni na Korogwe

Ziara ya faragha ya kutwa, kwa maana inayotumika katika mjadala huu, ni safari ya siku moja ambayo mgeni mmoja, au familia moja, au marafiki wachache, hukodi gari pamoja na mwongozaji wao wenyewe, wakaondoka asubuhi, wakatembezwa mahali wasipopajua na kurudi kabla usiku haujaingia, bila kuchanganywa na abiria wengine na bila kufungwa na saa za basi. Biashara hii imekomaa sana katika visiwa vya Polinesia, yaani lile eneo pana la Bahari ya Pasifiki linaloanzia Hawaii upande wa kaskazini, likafika Nyuzilandi kusini-magharibi na Rapa Nui kusini-mashariki. Huko Rarotonga, kisiwa kikuu cha Visiwa vya Cook, barabara ya pwani inayozunguka kisiwa ina urefu wa kilomita 32 tu, na hata mabasi yake hutambulikana kwa upande yanakozungukia, mengine yakifuata mwendo wa saa na mengine yakienda kinyume chake, hivi kwamba mgeni aliyeondoka baada ya kifungua kinywa hurudi alikotoka jua likiwa bado juu, naye akaamini kwamba amekwisha kukiona kisiwa.

Handeni na Korogwe, wilaya mbili jirani za Mkoa wa Tanga, hazina bahari wala matumbawe. Wageni wengi huzipita tu, wakiwa njiani kwenda Lushoto au Kilimanjaro, na wanachokumbuka ni kituo ambapo basi lilisimama ili watu wale na kujisaidia. Swali la kama ziara ya kutwa inafaa huku ni heri lijadiliwe sasa, wakati magari ya aina hiyo bado ni machache, kwa sababu desturi mbaya ya biashara ikishaota mizizi huwa shida kuing'oa. Mjadala unaofuata unapangwa kwa sauti tano zilizobuniwa ili kubeba misimamo ambayo mtu yeyote anayeishi katika wilaya hizi ataitambua: Wakala, yaani mwenye kampuni ya kusafirisha watalii anayetoka mjini, Mwongozaji, kijana wa Korogwe mwenye leseni, Mama, mfanyabiashara wa machungwa na chakula katika barabara kuu, Mwalimu, ambaye husomesha historia, na Mzee, Mzigua wa Handeni.

Wakala ndiye anayefungua, na hoja yake ni ya barabara. Tangu lami ilipokamilika katika kilomita 65 za Korogwe hadi Handeni na kilomita 54 za Handeni hadi Mkata, anasema, nchi hii imepata mzunguko wake: gari likitoka Segera huingia Korogwe, likakunja kuelekea Handeni, likashuka Mkata, kisha likarudi Segera kwa barabara kuu kupitia Kabuku na Michungwani, na yote hayo humalizika kwa mchana mmoja. "Rarotonga wana bahari upande mmoja na mlima upande wa pili," anasema, "nasi tuna Usambara upande mmoja na mbuga za Uzigua upande wa pili. Kilichokosekana ni mtu wa kuupanga mwendo na kuupa bei." Anaikumbusha hadhira filamu ya Tanzania: The Royal Tour, iliyozinduliwa Aprili 2022, ambamo Rais Samia Suluhu Hassan mwenyewe alimwongoza mwandishi wa habari wa Marekani, Peter Greenberg, katika vivutio vya nchi, na kwa maoni yake hakuna ushahidi mkubwa kuliko huo kwamba ziara ya mgeni mmoja na mwongozaji mmoja ni heshima wala si anasa. Kinachouzwa, anaendelea, ni faragha, kwa maana kwamba mgeni analipa zaidi ili asisukumane na mtu, asingojeshwe na mtu, na aulize anachotaka kuuliza bila kuonekana mjinga mbele ya wengine.

Neno hilo la faragha linamgusa Mama kabla ya wengine wote, kwa sababu yeye huiona kwa upande wa nje wa kioo. Basi la abiria, anaeleza, lina kelele na vumbi, lakini husimama; likisimama Michungwani au Segera, madirisha hufunguka, mikono hutoka, na ndani ya dakika tano machungwa yaliyopangwa mafungu juu ya meza tangu alfajiri huwa yamegeuka ada ya shule. Gari la faragha hupita vioo vikiwa vimefungwa kwa ajili ya kiyoyozi, na walio ndani wamebeba lanchi boksi, yaani chakula kilichofungashwa hotelini mbali, pamoja na maji yao na matunda yao. "Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone," anasema Mama. "Sasa ndugu Wakala atueleze: mgeni huyu asiyeteremka, mwenyeji wake anaponea wapi?"

Wataalamu wa uchumi wa utalii wana jina la jambo analolisema Mama, nalo ni uvujaji wa mapato: fedha inayolipwa kwa ajili ya kuitazama sehemu fulani ambayo haifiki katika sehemu hiyo, kwa kuwa gari, mafuta, chakula, bima na faida vyote vimenunuliwa na kubakizwa kwingine. Mama hahitaji jina hilo ili kulithibitisha, kwani ushahidi wake ni fungu la machungwa linalorudi nyumbani jioni likiwa limenyauka.

Mwongozaji anamjibu kwa adabu, "Mama, shikamoo, na hoja yako ni ya haki," kisha anaigeuza. Gari la faragha, kwa maoni yake, ndilo pekee linaloweza kusimama popote, kwa sababu basi husimama mahali palipopangwa na mwenye basi, ilhali gari la mgeni mmoja husimama mwongozaji anapomgusa dereva bega. Kosa basi haliko katika udogo wa msafara. Liko kwa mwongozaji aliyeletwa kutoka mbali, ambaye hamjui mtu hata mmoja barabarani na kwa hiyo hana sababu ya kumgusa dereva bega. Ili kuonyesha tofauti anayoikusudia, anaieleza saa moja ya ziara anayoiona kuwa kiini cha siku nzima katika Korogwe, nayo ni saa ya mkonge.

Mwongozaji asiyejua, anasema, huonyesha shamba la mkonge kwa kidole akiwa ndani ya gari: mistari ya kijani iliyonyooka hadi mlimani, picha mbili, gari linaondoka. Anayejua huomba ruhusa kwa msimamizi, humteremsha mgeni, na humpa jani moja mkononi, zito kuliko linavyoonekana, likiwa na mwiba mweusi nchani ambao mkataji huukwepa kila siku ya maisha yake. Hulipasua jani kwa kisu, akaukwangua utomvu wa kijani unaowasha ngozi, na kutoka ndani yake akavuta nyuzi nyeupe, ambazo mashambani huitwa singa. Hueleza kwamba singa ni chini ya asilimia 5 ya uzito wa jani, na kwamba jani lote lililobaki lilikuwa likitupwa kama taka mpaka ilipoonekana, pale Hale wilayani Korogwe, kwamba taka hizo zikiozeshwa ndani ya matangi hutoa gesi inayoweza kuzungusha jenereta na kuzalisha umeme. Kisha humpeleka mgeni kwenye korona, yaani mashine ya kuparua majani, ambayo imebaki kuitwa kwa jina la mitambo ya zamani ya Kijerumani. Pale mgeni huona majani yakiingia upande mmoja yakiwa mabichi na singa zikitoka upande wa pili zikiwa zimelowa, tayari kuanikwa juani kwenye waya. Wakataji hufunga majani 30 kwa kila mzigo, na mgeni aliyelishika jani moja kwa dakika kumi huwa na kipimo cha kuelewa maana ya mzigo.

"Hapo," anasema Mwongozaji, "hata basi la watu arobaini lingekuja, watu thelathini na tano wangebaki kutazama mgongo wa aliye mbele. Jani hushikwa na mtu mmoja mmoja."

Mwalimu anaikubali saa hiyo, lakini anaona kuwa imesimulia mmea ikawasahau watu. Mkonge wenyewe, anakumbusha, ni mgeni: mwaka 1893 Mjerumani Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 kutoka Florida, nayo asili yake ikiwa Yucatán nchini Mexico, na baada ya safari ndefu ya bahari kupitia Hamburg ni miche 62 tu iliyofika ikiwa hai na kupandwa katika pwani ya Tanga. Kutokana na miche hiyo yalitokea mashamba yaliyoifanya Tanganyika kuwa mzalishaji mkuu wa mkonge duniani, kiasi kwamba katika miaka ya kwanza ya uhuru nchi ilitoa zaidi ya tani 200,000 kwa mwaka, kabla kamba za plastiki na misukosuko ya uendeshaji baada ya kutaifishwa kwa mashamba mengi mwaka 1967 hazijaiporomosha kazi hiyo. Lakini singa hazikujikata zenyewe. Zilikatwa na manamba, neno lililotokana na namba aliyopewa kila kibarua alipoandikishwa huko bara, mara nyingi mamia ya kilomita kutoka Tanga, ili akae shambani kwa mkataba. Naye alipewa kipande, yaani kadi ya kazi yenye nafasi 30, ambayo kila siku moja ya kazi iliyokamilika ilijaza nafasi moja, na siku ambayo kazi haikukamilika haikuhesabiwa.

"Vijukuu vya manamba ndio hao wanaoishi kwenye kambi zile ambazo gari linazipita," anasema Mwalimu. "Mwongozaji akimwonyesha mgeni korona bila kipande, amemwonyesha mashine tu. Akiwaonyesha watu wa kambini kama vile nao ni sehemu ya mashine, amefanya vibaya zaidi."

Kwa kauli hiyo mjadala unafika mahali Mzee alipokuwa akiungojea. Yeye haanzi na uchumi wala historia. Anaanza na mlango. Anasema wote wanne wameizungumza faragha ya mgeni, kana kwamba faragha ni bidhaa inayonunuliwa na mwenye gari peke yake, ilhali kila faragha anayouziwa mgeni inamegwa kutoka faragha ya mtu mwingine: mama anayemwogesha mtoto uani, mgonjwa aliyelala barazani, watu walio katika tanga la msiba. Basi la abiria hubaki barabarani, kwa hiyo halimvunjii mtu faragha yake. Gari dogo, kwa kuwa linaweza kusimama popote kama kijana alivyolisifu, linaweza pia kuingia popote.

"Mwanangu," anamwambia Mwongozaji, "wazee walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Maana yake si kumfukuza. Maana yake ni kwamba siku ya tatu amekwisha kuwa mtu wa nyumbani, anaweza kuambiwa ukweli na kupewa kazi. Huyu wa kutwa hafiki hata siku ya pili. Anaondoka akiwa bado mgeni wa kuonyeshwa sebule, naye anadhani ameona nyumba."

Hoja hii ndiyo yenye uzito kuliko zote katika mjadala huu, na inastahili kukaliwa kwa muda. Ziara ya kutwa imejengwa juu ya dhana kwamba mahali ni jumla ya vitu vinavyoonekana, hivyo muda wa kuonea ukitosha, mahali pamejulikana. Mzee anakataa dhana hiyo tangu msingi, kwa sababu katika Uzigua vitu vyenye thamani kubwa kuliko vyote ni vile visivyoonyeshwa. Misitu ya matambiko ni mfano ulio wazi. Hii ni misitu midogo, mingine haizidi ukubwa wa uwanja wa mpira, ambayo ukoo au kijiji huihifadhi kwa ajili ya makaburi ya wazee, sala za kuomba mvua na mafunzo ya jando na unyago, na ambamo kukata mti au kuingia bila idhini ni mwiko. Watafiti wa misitu na wa jiografia, katika kazi zilizochapishwa tangu miaka ya 1990, wameandika kuhusu misitu ya namna hiyo katika Handeni na kukiri kwamba mwiko uliilinda mahali ambapo tangazo la serikali peke yake lisingeweza. Mzee anasema ni mahali pa kwanza ambapo kila mgeni hutaka kupelekwa, na ndipo pasipostahili kuandikwa katika ratiba ya mtu yeyote.

Inafaa kusimama hapa kwa neno moja, kwa kuwa linaunganisha Handeni na Polinesia kuliko barabara ya mzunguko. Watu wa Polinesia huliita katazo takatifu tapu, na kutoka kwao, hasa kupitia safari ya nahodha James Cook aliyelisikia Tonga mwaka 1777, neno hilo likaingia katika lugha nyingi za Ulaya. Msomaji wa Kiswahili asilichanganye na tabu, neno lenye asili ya Kiarabu linalomaanisha mashaka na taklifu. Tapu hulingana na mwiko. Huko Rarotonga kuna desturi iitwayo raui, ambayo kwayo wazee hufunga sehemu ya mwamba wa bahari watu wasivue mpaka viumbe vizaliane tena, na mgeni anayepita hapo kwa mtumbwi huambiwa kwamba hapavuliwi, naye huelewa. Yaani katazo halikuifukuza biashara ya wageni kisiwani. Limekuwa mojawapo ya mambo ambayo mwongozaji mzuri huyaeleza.

Mwalimu anaushika mfano huo na kuusogeza mbele kwa kuitaja Rapa Nui, kisiwa cha Wapolinesia kilicho chini ya Chile na chenye masanamu makubwa ya mawe yaitwayo moai. Tangu mwaka 2017 hifadhi ya kisiwa hicho husimamiwa na jumuiya ya wenyeji, Ma'u Henua, na mgeni haruhusiwi kuingia katika sehemu nyingi za hifadhi bila kufuatana na mwongozaji aliyeidhinishwa au mwenyeji. Kwa hiyo, anasema Mwalimu, mwongozaji kule hayuko kwa ajili ya raha ya mgeni tu. Ni kufuli la mlango, na ufunguo umeshikwa na wenye nyumba. Tanzania nayo ina sheria zake: Sheria ya Utalii ya mwaka 2008 inataka anayefanya kazi ya kuongoza watalii awe na leseni, na amri ya serikali ya mwaka 2025 iliyowazuia wasio raia kufanya biashara 15 iliitaja kazi ya kuongoza watalii miongoni mwake.

"Lakini sheria hizo," anaongeza Mwalimu, "zinamtenganisha raia na asiye raia. Hazimtenganishi Mtanzania wa mjini na Mtanzania wa Sindeni, huku Handeni. Kwa Mzee wetu hapa, kijana wa Arusha mwenye leseni naye ni mgeni."

Wakala hapendi mwelekeo huo. Anauliza kama kila kijiji kikishika ufunguo wake, ni nani atakayeweza kupanga safari na kumwahidi mteja aliyelipa miezi mitatu kabla kwamba ataona hiki na kile. Anaonya pia kwamba mzee wa kijiji hana leseni, hivyo kumlipa kama mwongozaji ni kuvunja sheria. Mama ndiye anayeipata njia ya kupita: leseni ibaki kwa Mwongozaji, kwa kuwa ndiye aliyesomea usalama, lugha na huduma ya kwanza, na kijiji kilipwe kwa jina lake halisi, yaani kama mwenyeji, kwa malipo yanayoandikwa na kukatiwa risiti mbele ya mtendaji wa kijiji. Mwalimu anaongeza kwamba serikali ya kijiji imepewa na sheria za serikali za mitaa uwezo wa kutunga sheria ndogo, kwa hiyo mkutano mkuu wa kijiji unaweza kuamua wageni wapokewe wapi, saa ngapi, na wapi wasifike. Hata sasa, katika vijiji vya Tanzania, mgeni huanzia ofisi ya kijiji na kusaini kitabu cha wageni, lile daftari kubwa lenye safu za jina, atokako na madhumuni. Ni chombo kidogo, lakini ndicho kinachomgeuza mpita njia kuwa mgeni wa mtu fulani, na inasikitisha kuona magari ya ziara yakiruka hatua hiyo ili kuokoa nusu saa.

Kuna sehemu mbili ambazo mjadala hauwezi kuzizunguka, na hapo sauti hupungua. Ya kwanza ni Lutindi, mlimani juu ya Korogwe, ambapo wamisionari wa Kijerumani walianzisha mwishoni mwa karne ya 19 makazi ya watoto waliokombolewa utumwani, na ambapo mwanzoni mwa karne ya 20 makazi hayo yaligeuzwa kuwa hospitali ya wagonjwa wa akili, mojawapo ya za kale kabisa katika Afrika Mashariki, ambayo mpaka leo inahudumia watu chini ya Kanisa la Kilutheri. Njia ya kupandia ni ya mashamba ya chai na misitu, mandhari yake ni ya kumfanya mtu anyamaze, na historia yake haina mfano katika mkoa. Wakala angeiweka katika ratiba. Mwongozaji, ambaye mpaka hapo alikuwa upande wake katika mengi, anakataa: historia ya Lutindi, anasema, inaweza kusimuliwa yote kutoka nje ya uzio, na mgonjwa aliyepelekwa kutibiwa hakukubali kuwa sehemu ya historia ya mtu. Hapa hakuna anayembishia.

Ya pili ni Msomera. Tangu Juni 2022 familia za wafugaji, wengi wao Wamaasai, zimehamishwa kutoka Hifadhi ya Ngorongoro, eneo lililotengwa mwaka 1959 ili watu, mifugo na wanyamapori waishi pamoja, na kuletwa katika kijiji hicho cha Handeni walikojengewa nyumba na kupewa ardhi. Serikali imeeleza kwamba uhamaji huo ni wa hiari na una lengo la kuwapatia watu huduma na kuiokoa hifadhi. Mashirika ya haki za binadamu, likiwamo Human Rights Watch katika ripoti yake ya mwaka 2024, yamesema watu hawakushirikishwa ipasavyo na kwamba huduma kule walikotoka zilipunguzwa mpaka wakakosa la kuchagua. Kwa mjadala huu jambo zito ni hili: waliohamishwa ni watu ambao kwa vizazi viwili walikuwa wakipigwa picha na watalii, na ambao baadhi yao walipata riziki kwa kuwauzia watalii shanga. Wakala anadhani wangefurahi kuwapata tena wateja. Mwalimu anadhani kuwafuata watu hadi walikohamishiwa, ili kuwatazama tena, ni jambo linalohitaji moyo mgumu. Mama anawakatiza wote wawili.

"Nanyi mmewauliza?" anasema. "Mnawapangia watu furaha na mnawapangia aibu, na hapa kutoka Handeni mjini hadi kwao si mbali. Akitaka kuuza ushanga auze. Asiyetaka, gari lipite."

Ni jibu fupi, na pengine halitoshi kwa swali lenye mizizi mirefu kiasi hicho, lakini lina ubora ambao hoja za wenzake hazina: linawarudishia wahusika neno la mwisho.

Mzee, aliyekuwa kimya wakati wa habari za Msomera, analeta mgeni wa aina nyingine ambaye hakuna aliyemfikiria. Katika njaa za miaka ya 1830 Wazigua wengi walichukuliwa kwa majahazi kutoka pwani ya Tanga na kuuzwa kusini mwa Somalia; waliotoroka utumwani walijificha katika misitu ya bonde la Mto Juba, na simulizi yao humtaja Wanankhucha, mwanamke mwaguzi aliyewatangulia njiani. Vizazi vyao viliendelea kuzungumza Kizigua huko ugenini. Vita vya Somalia vilipozuka mwaka 1991, baadhi yao walirudi nchi ya babu zao kama wakimbizi, wakapokewa Mkuyu, Handeni, na mwaka 2003 wakahamishiwa makazi ya Chogo, huko huko Handeni, wakati wenzao kwa maelfu walianza kupelekwa Marekani. Mtoto wa hao waliokwenda Marekani, anauliza Mzee, akija siku moja na pasipoti ya Kimarekani, kamera shingoni na gari la kukodi, ni mtalii au ni mjukuu?

Mwalimu anasema Rarotonga wana swali hilo hilo. Katika mlango wa bahari wa Avana, eneo la Ngatangiia, kuna mahali ambapo kwa mapokeo ya wenyeji mitumbwi iliyokwenda kuijaza Nyuzilandi watu iliondokea, na Wamaori wa Nyuzilandi wanapokuja huonyeshwa mahali hapo kwa ziara ile ile ya kutwa anayolipia Mjerumani au Mwaustralia. Gari ni lile lile na saa ni zile zile, ila mmoja anatazama maji na mwingine anatazama mlango ambao mababu zake walitokea. Mzee anakubali kwamba kwa mjukuu wa namna hiyo siku moja ni haba mno, lakini ikiwa siku moja ndiyo aliyoweza kuinunua, mtu asimnyime.

Hapo Wakala anaona amepata mwanya. Kama mjukuu anaweza kupelekwa msituni kwa mababu zake, anasema, basi msitu unaweza kuwamo katika ratiba. "Ataingia," anajibu Mzee, "kwa kuwa wazee wa ukoo watamtambua kwa majina ya ukoo atakayoyataja. Hilo halipangwi Arusha."

Mwongozaji anaichukua karatasi na kuanza kuipanga siku upya mbele ya wote, akiisoma kwa sauti kadiri anavyoandika. Saa moja asubuhi, Segera. Saa mbili, Korogwe, kando ya Mto Pangani, ambapo Mwalimu amemsisitiza aeleze kwamba maandishi ya wasafiri wa karne ya 19 yanaionyesha Korogwe ya kale kuwa kijiji kilichojengwa kisiwani katikati ya mto ili kujikinga na wavamizi, ili mgeni aliyezoea visiwa vya bahari ajue kwamba hata huku watu waliwahi kuwa watu wa kisiwa. Saa tatu na nusu, mkonge: jani, singa, korona, na kipande. Saa sita, ofisi ya kijiji katika njia ya Handeni, kitabu cha wageni, malipo na risiti. Saa saba, chakula kwa mama lishe aliyetajwa na kijiji, ugali wa muhogo uitwao bada ukipatikana, wala si lanchi boksi. Saa kumi, Mkata. Saa kumi na moja, Michungwani, vioo vikiwa wazi.

Wakala anahesabu na kusema kuna pengo, kwa kuwa kati ya saa nane na saa kumi hakuna kilichoandikwa, na mteja atauliza analipia nini katika saa hizo mbili. Mwongozaji anamgeukia Mzee, kalamu ikiwa juu ya karatasi.

"Saa nane," anasema Mzee, "andika kwamba watakuwa na wenyeji. Tukiwaona ni watu wa kukaa nao, tutatembea nao. Tusipowaona hivyo, tutakaa nao kivulini mpaka jua lipoe."

Wakala anaomba angalau jina la mahali, kwa ajili ya ramani. Mzee anatikisa kichwa, na Mwongozaji anaandika saa, anaacha nafasi ya jina ikiwa tupu, kisha anakunja karatasi.